Mjapani Aliyetuandikia Mama Mkwe

Si kweli, Kamau, ati mzee Hayashi hakuwahi kuchekesha mtu. Wewe kaka yangu ulikuwa bodingi, hukusikia. Kwao Japani aliandika vichekesho vya televisheni miaka mingi, mpaka wakubwa wakasema utani wake umezeeka. Ndipo akaja akapanga kwetu Kinoo, ile nyumba ya nyuma, na kila jioni ua wetu ukawa unanuka samaki wake mkavu pamoja na udongo uliolowa mvua. Mimi nilikuwa darasa la saba. Yeye aliandika kwa Kiingereza cha kuvunjikavunjika, mimi nikigeuza Kiswahili, na nikimsomea mama alicheka mpaka anashika ukuta.

Mtu wa televisheni moja ya mjini akakubali kuja kuona mchezo wake kwa holi ya kanisa. Mchezo ungemfurahisha, Hayashi angepata kazi tena. Sasa, mwisho wa mchezo mama mkwe alikuwa amzabe mkwewe, mume wa binti yake, kofi la kisogoni. Mama alimwonya kwamba kwetu mkwe na mama mkwe hata kusalimiana kwa mkono ni shida, sembuse kofi. Akajibu kwa upole, "Mama Kamau, kitu watu wanaogopa, hiyo ndiyo inachekesha."

Siku yenyewe watu walicheka tangu mwanzo. Kisha kofi likalia, holi yote ikanyamaza. Shosho mmoja, bibi mzee, alijifunika uso na leso, wazee wakaanza kutoka, na yule wa televisheni akaondoka kabla ya chai.

Hayashi akaniuliza, "Wamekasirika?"

"Hapana. Wameona aibu."

Akainama sana, akiviomba msamaha viti vitupu. Hakuandika tena. Alirudi kwao, na wiki hii tumesikia amefariki.

Siku hizi wakwe wanazabana makofi kwa TV kila jioni, na mashosho wa Kinoo wanacheka, chai mkononi. Mwacha mila ni mtumwa, tunaambiwa, lakini hakuna anayefunika uso. Mzee alitangulia wakati wake tu, na hakuna aliyempa nafasi nyingine. Na wewe unaniambia vichekesho si kazi, ningoje barua ya chuo. Nimechoka kungoja. Kesho asubuhi naenda mtaa wa Adams, kwa ile ofisi inayotengeneza vipindi vya TV, niombe kazi ya kuandika. Wakicheka, sawa. Wakinyamaza, nitakaa hapo hapo niandike ingine.