Dakika Moja Jikoni kwa Mama

Mwaka ule nilikuwa mkalimani wa mzee mmoja Mwingereza, mwongozaji na mtayarishaji wa filamu za hali halisi, aliyekuja Toronto kurekodi maisha ya wakimbizi. Alishafanya kazi katika nchi nyingi ambazo lugha zake hakujua hata salamu, na mimi kwa udaku wangu nilitaka kujua mtu anaishije miaka thelathini kwa kuwauliza maswali watu asiowajua. Kumbe siri yake ilikuwa ndogo tu: akishauliza, ananyamaza. Mtu akimaliza kujibu, bado ananyamaza, mpaka yule mtu anaona haya na kuongeza la moyoni. Mimi Mtanzania, kimya cha namna hiyo nyumbani kwa watu kilinikera. Nilikuwa nakijaza kwa pole na asante, naye ananikata jicho.

Siku moja tulikwenda mtaa wa Jane na Finch, ghorofa ya kumi na moja, kwa mama mmoja wa Kongo ya mashariki aliyefanya kazi ya kuhudumia wazee. Wapiga picha wetu walipokuwa wakifunga taa zao za kurekodia, aliniambia jikoni kwamba mwanawe wa kwanza aliuawa walipokuwa wakikimbia vita. Nikamwapia, bila hata kuombwa, kwamba neno hilo halitatoka kinywani mwangu. Mzee akamhoji kuhusu kazi, mabasi na baridi. La mtoto hakuulizwa, naye hakulisema.

Mwishoni fundi wa sauti akaomba dakika moja ya kimya. Ni kawaida yao: wanarekodi sauti ya chumba chenyewe, friji na upepo wa dirishani, ya kuunganishia vipande baadaye. Nikatafsiri, "Mama, tunyamaze wote dakika moja," nikasahau kueleza sababu. Mama akasimama, akainamisha kichwa, machozi yakamtoka. Mzee naye akasimama, bila kujua kwa nini.

Dakika ilipokwisha mama akasema, "Aksanti sana kwa kumukumbuka mutoto wangu."

"Amesema nini?" mzee akaniuliza. Kamera ilikuwa bado inarekodi.

Nikamjibu kwa Kiingereza kwamba mama anashukuru kwa kutembelewa. Nilijiona mwaminifu kweli.

Mama akanishika mkono. "Dada, minasikia Kingereza kidogo," akasema. "Juu ya nini unamuficha mutoto wangu?"

Niliona aibu mpaka masikio yakawaka. Nikamgeukia mzee, nikamwambia nimekosea, na safari hii nikaanza na mtoto.