Asili ya Jina la Mtoto wa Kakontwe

Serikali ilipopiga marufuku majina ya Kikristo, yale ya watakatifu, nilikuwa karani wa kuandikisha watoto hapa Likasi. Kila mzazi alitakiwa kuleta jina la mababu, na daftari likaongezwa safu mbili: asili ya jina, na maana yake. Makarani wenzangu walijaza lolote lililowajia. Mimi sikuweza. Nilikuwa na kijitabu changu, nikawafuata akina bibi wa Kiluba, wa Kibemba na wa Kisanga majumbani kwao, nikiuliza jina moja kwa watu watatu kabla sijaamini.

Wazazi walinidanganya sana, nami nilipenda kuwanasa. Baba mmoja aliniapia kwamba jina la mwanawe ni la chifu wa kale, kumbe ni la baa iliyokuwa karibu na stesheni. Nilimrudisha nyumbani akatafute lingine. Siku kama hizo nilitembea kichwa juu.

Kisha vikaja vita vya mpakani, waasi wakitokea Angola, na mji ukaingiwa na woga. Ukiwa na ndugu aliyevukia Angola, hukumtaja hata kwa sala. Watu walichukuliwa kazini mchana kweupe, na jirani akaendelea kusonga bukari yake bila kuuliza. Hayo yote niliyajua. Sitajitetea kwamba sikujua.

Asubuhi moja akaja mfanyakazi wa machimbo ya Kakontwe, vumbi la chokaa bado liko kwenye nyusi zake. Alifuatana na mama mkwe wake aliyebeba mtoto wa siku nane. Akanitajia jina la mtoto. Nikauliza limetoka kwa nani.

"Ni jina tu, Mama. Haina na mwenyewe."

Nilikasirika. Kwetu hakuna mtoto anayepewa jina tupu; huitwa kwa mtu, na huyo mtu anajulikana ukoo mzima. Nikamwambia sitaandika uongo, na bila karatasi yangu mtoto hatapokelewa hospitali ya kampuni ya machimbo. Kisha nikamgeukia bibi, kwa heshima zote, maana nilijua bibi hawezi kulikana jina la ukoo wake.

"Ni jina ya mutoto yangu mwanaume," akasema, akimfunika mtoto miguu. "Alivukaka Angola na benzake. Paka leo hatuyamuona."

Yule baba akaishika meza yangu kwa mikono miwili.

"Mama, usiandike ile. Nakuomba."

"Baba, miye naandika ya kweli tu," nikamjibu. Nikaandika kwa wino, mwandiko mzuri: jina la mjomba wa mtoto, aliyeko Angola. Nakumbuka nilivyoridhika, na hadi leo najichukia kwa hilo.

Wiki ya pili akaja bwana mmoja, suti ya abakosti, ile ya watu wa serikali, imenyooshwa vizuri, akaomba madaftari. Alisoma taratibu, kidole kikishuka kwenye safu ya asili. Aliomba maji, nikampa. Akanakili mistari michache, akafunga daftari.

"Kazi yako iko propre, safi kabisa, citoyenne," akasema.

Siku tatu baadaye yule baba alichukuliwa machimboni, sepetu yake ikabaki juu ya mawe. Habari nilizipata sokoni, nikiwa nachagua nyanya. Nikaendelea kuchagua.

Mkewe alikuja ofisini mwezi uleule, mtoto mgongoni. Nilidhani atanitukana, na ningefurahi anitukane. Akanisalimu vizuri, akakaa.

"Yaya, dada yangu, banasema ile buku yako ilisomwa. Weye unaonaka kila muntu anaingia hapa. Ni nani aliisoma? Niende nimupigie magoti."

Sura ya yule bwana nilikuwa nayo machoni, na ofisi yake niliijua, maana nilipita mbele yake kila siku nikienda kazini. Nikamwambia sikumwona mtu yeyote.

Aliniamini, kwa sababu mji mzima ulijua kwamba mimi sisemi uongo. Akanishukuru, akamfunga mtoto vizuri mgongoni, akaondoka.