Nilivyomchomesha Mumbua vitabu vya mkwewe

Nilikosea, na sikukosea kwa bahati mbaya. Jambo hili limekaa nami tangu miaka ya tisini ikielekea ukingoni. Naomba unisikilize mpaka mwisho, hata ukinichukia katikati.

Nilikuwa mwalimu wa shule ya msingi huku Msambweni. Jirani yangu alikuwa Mzee Nassoro, fundi wa mitambo aliyestaafu kutoka kiwanda cha sukari. Mzee huyu aliandika vitabu. Kimoja kilieleza jinsi ya kuifungua pampu ya kisima na kuirudisha bila kubakiza hata skrubu. Kingine kilihusu matanuri ya chokaa, kingine reli ndogo ya kubebea miwa. Kikubwa kuliko vyote kilikuwa cha historia ya Munje, kijiji chetu: nani alifika lini, na alifika vipi.

Vyote alivitunga kwa Kiswahili, ila kwa herufi za Kiarabu, kama alivyofunzwa chuoni, yaani madrasa, utotoni. Hakuna kilichopigwa chapa. Vilikuwa madaftari ndani ya kasha la bati, pamoja na juzuu zake chakavu za Kurani.

Siku moja kwenye walima wa harusi watu wakamwomba asome kidogo. Akachagua ukurasa wa babu yangu.

"Babu yake mwalimu hakuja Munje kufundisha dini," akasoma. "Alikuja amebeba godoro la tajiri wake."

Watu walicheka mpaka pilau ikawapalia. Kesho yake wanafunzi wakaniita Mwalimu Godoro. Nasi nyumbani tulilelewa tukiambiwa babu alikuwa shehe! Wallahi sikumsamehe. Kila asubuhi nilimwamkia shikamoo, nikacheka naye, nikangoja.

Mwaka uliofuata alipelekwa Mombasa kupasuliwa macho, akifuatana na mkewe na mwanawe, Rama. Nyumbani alibaki Mumbua, mke wa Rama, binti wa bara aliyekuwa akitandika vitanda katika hoteli moja ya Diani. Alisilimu ili aolewe, lakini chuo hakusoma, na herufi zile hakuzijua.

Mchwa wakaingia kashani kwa tundu la kutu. Mumbua akanijia amekumbatia karatasi.

"Mwalimu, hizi ni za dini, ama ni zile za kazi ya baba? Mimi naogopa kukosea."

Nilizifungua. Zilikuwa habari za pampu, na za Munje. Mchwa walikuwa wamekula pembe tu.

Nikamweleza kwa upole, kama ninavyomweleza mtoto hesabu za kugawanya: karatasi zenye maneno matukufu zikichakaa hazitupwi jaani. Huchomwa mahali safi, na majivu yakafukiwa pasipokanyagwa na mtu. Hilo ni kweli, ndiyo maana aliniamini. Nikamwambia zote za kashani ni za namna hiyo. Hata mahali pa kuchomea nilimwonyesha.

Alitawadha kwanza. Kisha akachoma ukurasa mmoja mmoja, kwa adabu, mchana kutwa. Mimi nilikuwa barazani kwangu nasahihisha insha, nikiuona moshi.

Mzee akarudi. Kitu cha kwanza alichotaka kukiona kwa macho yake mapya ni madaftari.

Mumbua akasema ukweli, kwamba mwalimu ndiye aliyemwagiza. Nikaitwa. Jamani, nafasi ya kusema niliipata! Nikawatazama wote, nikasema kwa sauti ya huruma, "Mimi nilimwambia ayaanike juani tu. Labda Kiswahili chetu kinampa taabu."

Mumbua aliniangalia. "Mwalimu, ulinionyesha mpaka mahali."

Hakuna aliyemsikiliza. Miaka ile neno la mtu wa bara halikusimama mbele ya neno la mwenyeji. Mama mkwe akasema kafanya kusudi. Rama akampa talaka wiki ileile. Mumbua akapanda gari la kurudi bara na begi moja. Binti aliyezaa na Rama, bado mchanga, wakamzuia.

Utadhani sikufurahi. Nilifurahi, siku kama tatu.

Kisha mzee akaniomba nimsaidie kuandika upya, maana mkono ulikuwa ukimtetemeka. Miezi mingi alisema nami nikaandika, kwa herufi za shuleni. Mengi yalikuwa yamempotea. Pampu aliifungua, kuirudisha akashindwa. Akaniuliza babu yangu alifika vipi Munje. Nikamwambia alikuja akiwa shehe. "Andika," akasema.

Mwisho akasema dibaji. Akataka ijulikane kuwa vitabu vya kwanza viliunguzwa na Mumbua, mke wa mwanawe, kwa chuki yake. Nikaandika hivyo, kwa mwandiko mzuri.

Mzee amekwisha kufa. Yule mtoto alikua, akaingia darasani kwangu, nami ndiye niliyemfundisha kusoma. Siku moja alikuja na daftari la babu yake, kidole juu ya jina la mamake.

"Mwalimu, mwandiko huu si wako? Ni kweli?"

Nikalifunga daftari, nikamrudishia.

"Ni kweli," nikamjibu. "Keti."

Alikwenda kuketi, na hakumtaja mamake tena.

Ndugu yangu, mtu akikuletea karatasi asiyoweza kuisoma, msomee iliyomo, hata kama imekutukana wewe. Ukimdanganya yeye, siku itafika utamdanganya na mwanawe, na huyo atakuamini zaidi, kwa kuwa kusoma umemfundisha wewe.