Zinaida Wawili

Kila Jumapili Larisa alipigiwa simu ya kugombezwa. Tangu atoke Penza, kule Urusi, mwaka 1993, akaja Anderlecht, Ubelgiji, kupiga pasi mashuka ya mahoteli na kuolewa na Mbelgiji, mama yake, Zinaida, hakupata kumjulia hali. Alianza na "umekonda", kana kwamba macho yake yanapita kwenye waya, akamaliza na "uliniacha". Simu ikikatika, Larisa alibaki jikoni akiikumbuka sauti ileile ilivyokuwa ikiimba wakitia matango chumvini, dirisha limejaa mvuke, vidole vyao vikinuka kitunguu saumu. Aliitamani mno.

Jirani yake Mujinga, mzaliwa wa Lubumbashi, alikuwa na binti mdogo, na ni yeye Mujinga aliyemwita mtoto huyo "mama". Larisa alidhani ni mzaha.

"Hapana, ma chère, mupenzi," Mujinga akacheka. "Huyu mutoto iko na jina ya mama yangu. Donc, basi, nikimuita, naita mama. Na ule mama wa kwetu anafurahi sana, anasema sasa iko na mwili mbili!"

Maneno hayo yalimkaa Larisa moyoni. Alipojifungua msichana, mwaka wa tatu wa ugeni wake, akamwita Zinaida bila kumwuliza mtu. Ungedhani amesahau alikotoka! Kwao jina la bibi aliye hai halipewi mtoto. Kufanya hivyo ni kumharakisha mzee kaburini. Alilijua hilo tangu utoto, lakini ukikaa sana na jirani, mila yake hukuingia bila hodi.

Jumapili ikafika.

"Umempa jina langu?"

"Ndiyo, mama. Nilitaka…"

"Umeshanizika! Hukutosheka kuniacha, sasa umenizika!"

Larisa akajaribu kueleza habari za Mujinga; wapi! Bibi alifoka mfululizo, hata mtoto akaamka na kuangua kilio. Larisa akambeba, mkono wa simu kaubana begani, naye machozi yakimtiririka.

"Nyamaza, Zina," akambembeleza mtoto, mdomo ungali kwenye simu. "Nyamaza, mama yangu. Niko hapa. Sikukuacha."

Simu ikawa kimya. Larisa akadhani imekatika.

"Nimenyamaza," ikasema sauti ya Penza, ndogo kuliko alivyowahi kuisikia. "Hebu rudia hilo la mwisho."