Historia Niliyomtungia Mdogo Wangu

Kwenye matanga ya mdogo wangu mwanajeshi, hapa Bunia, mimi ndiye niliyesoma historia yake. Niliandika kwamba alikuwa komando aliyeua maadui wengi. Sikujua lolote. Nilidhani kila mwanajeshi ni wa bunduki, basi nikatunga, nikasoma kwa sauti kubwa kama mjinga. Mama yetu akafunika uso kwa kitenge.

Mwenzake wa jeshini akasimama polepole.

"Yaya, ndugu yetu mukubwa, utusamehe. Siye ni kikosi cha wajenzi. Ile daraja ya njia ya Nyankunde, ni yeye alijenga. Hakuua mutu."

Mama akafunua uso. "Aksanti Mungu," akasema, kisha akanigeukia. "Na weye, miaka yote hii, haukumuuliza kazi yake?"

Nikaikunja karatasi niliyoisoma.

"Hata siku moja, Mama."