Mzee Kisamvu Aamuru Maziko Yake Yarudiwe

Usiku ule wa kuamkia arobaini ya Mzee Kisamvu nililala na viatu miguuni, hoi kama mtu aliyebeba lori badala ya lori kumbeba yeye. Nililala na hofu pia. Yeye Mzaramo, mimi Mnyamwezi, watani wa jadi; na kwenye filamu tulikuwa jozi, yeye baba mkwe mchoyo, mimi mkwe mjinga. Kwa mila zetu, siku ya maziko ilinipasa nilizuie jeneza, nimkejeli marehemu mpaka wafiwa wacheke. Nikashindwa. Nililia hadi udongo wa kaburi ukawa tope. Sasa mjane wake, Mama Zuhura, alikuwa ameniambia, "Kesho usituangushe tena, mtani." Na mimi tangu tuzike sikuwa na mzaha hata wa kumchekesha mtoto mchanga.

Basi usingizi ukanichukua, nikamwona. Kakaa ukingoni mwa kitanda, kavaa ile suruali yake pana ya kufungwa kwa kamba, anamenya muhogo mbichi. Hanisalimu. Nainuka, na kitanda si kitanda tena, ni jukwaa la mbao la ukumbi wa kata, enzi za vikundi vya ngoma na maigizo, alipopewa nafasi ya maiti kwa kuwa alikuwa mwembamba, rahisi kubebwa. Kalala, watu wanasikitika. Nzi anatua puani. Maiti inakunja pua, na ukumbi unalipuka, mabati yanainuka, watu wa wilaya jirani wanatoka nje kutazama kama ni radi. Kazi yake yote ilianzia hapo, kwenye pua na nzi.

Namfuata. Jukwaa linageuka ua wa nyumba tulikopiga filamu zetu za mwanzo, kamera ya kuazima, taa ni jua. Anakuwa mama wa kambo, anakuwa mganga, anakuwa polisi mnene aliyejazwa mito tumboni. Mpiga picha anacheka mpaka picha inatetemeka, mwongozaji anafoka, "Kata! Rudia!" Mzee peke yake hacheki. Miaka yote ile hakuwahi kucheka kichekesho cha mtu, hata changu, na mimi nilikuwa hatari. Ndiye huyohuyo aliyenikokota hadi masomo ya jioni, na mvi zangu, akidai asiyejua kusoma skripti atapewa nafasi ya mti. Nikahitimu.

Halafu vicheko vinakatika. Tuko makaburini. Jeneza linapita mabegani mwa watu, na Mzee Kisamvu kasimama nyuma ya waombolezaji, ananyoosha shingo.

"Nani kafa?"

"Wewe, Mzee."

"Mimi? Mbona wananizika kama wanazika hakimu?" Anajipenyeza mbele, anapiga makofi. "Kata! Kata! Jeneza lirudi nyuma. Mnyamwezi wangu yuko wapi?"

"Niko hapa, Mzee. Naogopa. Nikikukejeli watasema nimefurahi."

Ananinyooshea kidole.

"Kulia kalie kwako. Hapa uko kazini. Rudia."

Najilaza njiani, mbele ya jeneza. Hapiti mtu, nasema! Mzaramo huyu namjua mimi, alipenda ngoma kuliko jembe, shambani kwake twiga aliingia kwenye magugu akapotea. Leo ndiyo mara yake ya kwanza kuwahi mahali, na hata hivyo kabebwa!

Kisha nasikia sauti kama pampu ya maji iliyoziba inaanza kuzibuka. Ni Mzee. Anacheka! Anacheka mpaka anashikilia watu, na wao wanacheka, wabebaji wanashindwa, wanalitua jeneza chini. Anajifuta macho, anaingia humo mwenyewe, anajivutia shuka.

"Hiyo nimeipenda," anasema. "Kesho iseme hivyohivyo mbele ya Mama Zuhura. Yule kanuna mno tangu niondoke."

Kofi la mgongo likaniamsha. "Baba Shija! Unacheka nini usingizini, umeamsha mtaa mzima!"

Kumekucha. Kifua changu chepesi kama pamba. Nikamsimulia mke wangu yote, hadi ile ya kubebwa.

"Ndiyo maneno ya kwenda kumwambia mjane hayo?"

"Hayohayo. Nimetumwa."

"Huna haya wewe," akasema, akanigeuzia mgongo, akajifunika gubigubi. Baada ya muda kidogo nikaona shuka linatikisika.