Shamba la Msellem na Kiti cha Shura

"Aliyekula wali wangu ataona haya kumchagua mwengine," Msellem alisema kwenye kipaza sauti, harusini Hail, mtaa wa Maskati, bwana harusi kasimama pembeni akingoja aachiwe harusi yake.

Msellem alizaliwa Unguja, akaletwa Maskati mdogo, akazeeka akigonga mihuri wizarani. Lakini huko bara ya Omani, wilaya ya babu yake, alirithi shamba la mitende. Si kubwa, mbuzi mwenye haraka angelizunguka adhana haijesha. Ila lilikuwa na zamu yake ya maji ya falaji, mfereji ambao kila shamba hupewa saa zake, na kwa shamba hilo Ghubra nzima, mtaa aliokaa Maskati, ilimwita Sheikh Msellem. Alipostaafu akaliamini jina. Akagombea kiti cha wilaya ile kwenye Shura, baraza la wawakilishi.

Karamu zikataka fedha. Akamuuzia jirani yake wa shamba, Khattab, ile zamu ya maji.

"Mtende haunywi siasa, bwana," mkewe, Bi Masouda, alimwambia.

"Nikipita ntainunua tena. Wewe pika."

Akapika. Kila Alkhamisi sebule ilijaa Waunguja wenzao wa Ghubra, biriani na halua. "Sheikh, ushapita," walimwambia, wakinyoosha sahani waongezwe nyama. Huko bara hakualika mtu. Kiarabu chake kiliwachekesha, naye hakupenda kuchekwa kwenye shamba lake mwenyewe.

Matokeo yakatoka, wa mwisho ni yeye. Akampigia simu Yaqdhan, kijana wa jirani yake wa Ghubra, aliyewashinda wote kwa kula.

"Ami, kura yangu iko wilaya ya kina baba. Jaifar, tuliyekuwa tukila naye kwako, naye kwao. Si unajua kila mtu kwao mbali?"

Alijua. Maisha yake yote alikuwa hakutani na Muunguja ila amuulize "Kwenu wapi huko bara?" kabla hajamuuliza hali. Kwenye karamu zake tu ndiko alikosahau kuuliza.

"Lakini mlikula."

"Tulikula, ami. Na dua tulikuombea."

Akakata simu, akamgeukia mkewe. "Na wewe?"

"Mimi nimepiga kura kwetu. Ulinioa, Msellem, hukunihamisha wilaya."

Joto lilipoingia, makuti yakaanza kugeuka rangi. Akaenda bara, akabisha kwa Khattab, ambaye hakupata kuonja punje ya wali ule.

"Karibu, Sheikh," Khattab alisema, bila ya kucheka, na hilo ndilo lililomuuma. "Maji yapo."

Nusu saa, rial tatu.